Nukta za Riili ya Tatu

Siku yangu ya kwanza kazini katika lile jumba la sinema la Saint Paul, Amerika, Fundi Mkuu hakunisalimia. Alinitazama miguuni, kwa sababu nilikuja na raba na nje theluji ilikuwa imefika magotini, kisha akauliza, "Ukiona nukta ya kwanza unafanya nini?"

"Nawasha injini ya mashine ya pili," nikamjibu.

"Nukta ya pili?"

"Nabadili."

"Na hapo katikati?"

Nikawaza kidogo. "Nasubiri."

"Hufikiri kitu," akasema. "Hicho ndicho unachofanya hapo katikati. Hufikiri. Ingia. Hivyo vitu unavyoita viatu, viweke karibu na hita."

Hiyo ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya tisini. Nilikuwa nimevuka hamsini, na katika mashine za sinema nilikuwa si mgeni. Lakini mlango wa kazi kila mara unaingiwa upya, na mimi nimeingia milango mingi.

Ninyi mnaotazama sinema kwenye simu niwaeleze nukta ni nini, maana habari yote hii imesimama juu yake. Zamani sinema ilikuja kwa makopo ya bati. Ndani ya kila kopo mna riili, yaani gurudumu lililozungushiwa mkanda wa picha, na riili moja haifiki dakika ishirini. Kwa hiyo filamu moja ni riili tano au sita, na chumba cha mashine kina mashine mbili zilizosimama bega kwa bega. Ya kwanza ikikaribia kumaliza riili yake, ya pili lazima ipokee papo hapo, watazamaji wasijue. Fundi anajuaje kwamba wakati umefika? Juu ya picha, kona ya kulia, hutokea kijiduara kidogo, kama punje ya mtama. Hiyo ni nukta ya kwanza: washa injini. Baada ya sekunde chache hutokea cha pili: kanyaga pedali, taa hii ifungwe, ile ifunguke. Nyuma ya nukta ya pili hubaki sekunde moja hivi ya picha, halafu mkanda mweusi. Kipande hicho tulikiita mkia. Hupita ndani ya mashine taa ikiwa imefungwa, na hakuna mtu anayekiona.

Kazi hiyo niliijulia nyumbani. Nilikuwa darasa la tano gari la sinema la serikali lilipopita Korogwe, likasimika kitambaa cheupe uwanjani. Wenzangu walitazama kitambaa. Mimi nilikwenda nyuma kutazama inakotoka ile nuru. Asubuhi gari liliondoka na mimi nimo, na shule haikuniona tena. Mkuu wa gari, tuliyemwita Bwana Sinema, alinifunza kuunga mkanda: palipokatika, kata pande zote mbili pawe sawa, kwangua, paka gundi, bana, hesabu hadi ishirini. Vilivyokatwa tupa. "Hakuna atakayevikumbuka," alisema. "Mwisho wa riili huwa hakuna kitu. Watu wanafunga milango tu." Nikatupa vipande vya mikanda kutoka Korogwe hadi Kigoma.

Baadaye nilikaa Dar es Salaam katika jumba la Mhindi mmoja, nikapanda meli kwa kazi ya kupaka rangi, nikashuka Hamburg nikakaa majira mawili ya baridi nikipakua shehena na kuokota Kijerumani cha bandarini, ambacho si cha kusema mbele ya wachungaji. Kisha Amerika. Nilifika Minneapolis, mji pacha wa Saint Paul, kwa basi kwa sababu baharia mwenzangu aliniambia kuna maziwa mengi, nami nilitaka kuona maji yanayoganda mpaka yakawa barabara. Niliosha masufuria, nikafunga maboksi kwenye ghala moja kule Savage, karibu na mto. Siku nilipoona tangazo la jumba la sinema ambalo bado lilitumia mashine mbili, niliacha boksi likiwa halijafungwa.

Jumba letu lilionyesha filamu za zamani na za nchi za nje. Kila Jumanne kulikuwa na onyesho la mchana kwa wazee. Hapo ndipo nilipomfahamu Mzee Lorenz, na kabla yake Shiro, aliyemleta.

Shiro alikuwa Mkenya wa Brooklyn Center, kitongoji cha Minneapolis, kazi yake kutunza wazee majumbani mwao. Jumanne moja nilishuka ngazi nikamsikia akizungumza kwenye simu ya ukutani: "Sasa mimi ni-park wapi na hii snow? Nimemu-drop kwa mlango, amesimama kama bendera." Nikasema tu, "Bendera yako imeshaingia ndani, mama, inanunua bisi." Akageuka, akaacha simu ikining'inia.

"Wewe! Wewe ni mtu wa wapi?"

"Tanga."

"Ai, Mtanzania! Ndiyo maana unaongea kama redio." Akacheka mpaka mzee wake akaja kuuliza kuna nini. Tangu siku hiyo aliniita Mzee wa Mashine.

Mzee wake alikuwa Mjerumani mrefu, zaidi ya miaka sabini, macho yamefunikwa na ukungu, masikio makubwa ya kumfanya mtoto acheke. Aliponiambia ametoka Hamburg, nilimtolea matusi mawili ya bandarini kwa lafudhi safi. Alinishika mkono asiuachie. Jumanne kwa Jumanne, kabla ya onyesho, tulikaa kwenye benchi la ukumbini na chupa ya chai ya Shiro, naye akanisimulia kazi yake. Alikuwa mwigizaji. Lakini si wa kubandikwa kwenye mabango. Alikuwa mwigizaji wa nafasi ndogo, mtu ambaye uso wake kila Mjerumani wa rika lake aliujua na jina lake hakuna aliyelijua.

"Nilianza kwa sababu ya koti," aliniambia. Vita vilikuwa vimekwisha, amerudi kutoka kambi ya wafungwa, mji wote ni vifusi. Watengenezaji wa sinema walikuwa wakipiga picha humo humo kwenye magofu, kwa kuwa hawakuwa na studio. Walihitaji watu wa kupita nyuma ya waigizaji wakubwa, na aliyekuja na koti lake mwenyewe alichukuliwa kwanza. Koti lake lilikuwa la marehemu babake. Siku ya tatu mwongozaji akapaza sauti, "Wewe mwenye masikio! Badala ya kupita, simama umuulize huyu saa ngapi." Hilo likawa neno lake la kwanza katika sinema: saa ngapi.

Kuanzia hapo alikuwa tarishi, kondakta wa treni, mhudumu wa mkahawa, polisi anayefika amechelewa. Nchi ilipochoka kutazama vifusi ikataka milima na maua, naye akawa mlinzi wa misitu katika filamu za mapenzi ya milimani, moja baada ya nyingine, na kofia ile ile yenye unyoya. Zikaja filamu za vita, akawa sajini anayekufa mapema. "Nimekufa mara nyingi kuliko paka," alisema. Zikaja za wapelelezi, akawa karani wa benki anayetetemeka. Kisha wakatokea waongozaji vijana wenye nywele ndefu waliosema hawataki tena nyuso za sinema ya baba zao, na simu yake ikanyamaza. Alimaliza kwa kuingiza sauti yake katika filamu za Kiamerika, nyuma ya midomo ya watu wengine.

Nilimuuliza mtu anafanyaje apate kuonekana katika dakika moja. Alipenda swali hilo kuliko chai.

"Bwana Fundi, mtu mdogo hana muda wa kujieleza. Kwa hiyo, kabla hujafungua mlango, jua umetoka wapi. Tarishi ametoka nje, kuna matope. Basi nafuta kiatu. Mwongozaji hakusema nifute. Nikifuta kiatu, wewe unajua nina mke mkali nyumbani. Umeona? Sekunde tatu, na nina mke."

"Na mwongozaji anasemaje?"

"Anasema, 'Lorenz, punguza!' Maisha yangu yote nimeambiwa punguza." Akanigusa kifuani kwa kidole. "Na nilichobakiza, ninyi mafundi wa mashine mkakila. Sisi wadogo hupangwa mwisho wa riili. Mkanda ukichanika mwishoni mnakata. Kuna jirani yangu mmoja aliniona katika filamu nikiingia na sinia. Mwezi uliofuata, jumba jingine, sikuingia kabisa. Mlikuwa mmenimeza."

Nilikuwa nimemkumbuka Bwana Sinema na mkasi wake.

Kisha meneja wetu, mama mmoja aliyening'iniza miwani shingoni kwa kamba, akatangaza wiki moja ya filamu za Kijerumani za miaka ya hamsini, maana Minnesota imejaa wajukuu wa Wajerumani. Mzee Lorenz aliisoma ratiba kwa kioo cha kukuzia, herufi kwa herufi, na kidole chake kikasimama. Ilikuwa filamu ya mwanamke anayemtafuta mume wake aliyepotea vitani. Yeye alikuwa mlinzi wa geti la reli, dakika nne, nafasi ndefu kuliko zote alizowahi kupata katika filamu ya maana.

"Shiro," akasema, "nataka Hanne aje."

Shiro akanikunjia uso kwa mbali. Hanne alikuwa binti yake, mwanamke wa miaka arobaini na kitu, mfanyakazi wa ofisi moja kule Eagan. Alimleta baba yake kutoka Hamburg, akampangia nyumba, alimlipia mtunzaji, alipiga simu kila Jumapili, na hakuwahi kukaa naye zaidi ya robo saa.

Mzee akanieleza kwa nini. Hanne alipokuwa na miaka saba, yeye alikuwa haonekani nyumbani, leo yuko Munich, kesho Berlin, mkewe akisema, "Baba yako yuko kazini, anafungua milango ya watu wengine." Walipompiga picha zile za geti la reli, alimwandikia mtoto barua: safari hii nitakuona. Mwishoni, yule mwanamke akishapita, nitavua kofia, nitatazama mbele, nitavuta sikio langu mara mbili. Hiyo ni yako. Hakuna mwingine atakayejua. Kuvuta sikio mara mbili ilikuwa salamu yao ya usiku. Na kweli alifanya. Mwongozaji alisema, "Lorenz, hicho nini?" lakini jua lilikuwa linazama na hapakuwa na muda wa kurudia.

Filamu ikafika. Mtoto akavikwa gauni la Jumapili, akapelekwa na mama yake. Mwanamke akapita getini, picha ikabadilika, na hapakuwa na kofia wala sikio. Mtoto akakaa mpaka taa zikawashwa, akidhani labda itakuja mwishoni kabisa.

"Aliniandikia mstari mmoja," mzee akasema. "'Hukufanya.' Nilimwambia nilifanya, wamekata. Mtoto wa miaka saba, unamwambia wamekata! Tangu hapo, kila nilichomwahidi alisema, 'Ndiyo, baba, watakata.' Anasema hivyo mpaka leo."

"Na ikiwa kweli imekatwa?" nikauliza.

"Basi aone hizo dakika nne. Aone nilikuwa wapi."

Makopo yalifika siku sita kabla ya onyesho. Meneja alifungua la kwanza, akalinusa, akalifunika. "Hii haipiti. Imesinyaa. Tutaonyesha nyingine."

Mkanda unapozeeka husinyaa kama ngozi inayokauka, na mashimo ya pembeni, yale yanayoshikwa na meno ya mashine, husogeleana. Meno yakiukuta hivyo, huutafuna. Nilipitisha kidole kwenye ukingo, mashimo yalikuwa yameraruka kama kitambaa kilichopitiwa na panya.

"Nipe siku tano," nikasema.

"Ikivunjika ndani ya mashine yangu?"

"Nitarudi Savage kufunga maboksi. Lakini haitavunjika."

Akamtazama Fundi Mkuu. Fundi Mkuu akainua mabega. "Mwache. Atachoka mwenyewe."

Sikuchoka. Kila asubuhi nilipanda kile chumba na glavu za pamba, nikaweka riili kwenye meza yenye mikono miwili ya kuzungushia, mmoja huachia mkanda na mwingine hupokea, nikauvuta taratibu kati ya vidole viwili. Kidole ndicho jicho la fundi. Kinasikia mpasuko kabla hujauona. Kila shimo lililochanika nililifunika kwa utepe mwembamba wenye mashimo yake tayari, nikaubana. Sikukata hata picha moja. Mgongo uliniuma, macho yakaniwasha, nikala nimesimama. Mashine nayo niliirekebisha: nililegeza springi za mlango wake, pale mkanda unapobanwa mbele ya taa, mpaka ikawa inaushika kwa upole.

Siku ya nne nilifika riili ya tatu. Mlinzi wa geti alikuwa mwishoni, kama nilivyotarajia. Nikaona nukta ya kwanza, nikaona nukta ya pili, nikajiandaa kukuta mkia wa sekunde moja, kisha weusi. Nikazungusha. Picha zikaendelea. Nikazungusha tena. Picha. Zilipita karibu mita nane kabla weusi haujafika.

Nikachukua kioo cha kukuzia, nikauinua mkanda kwenye taa. Geti liko juu. Mwanamke ameshapita, hayumo. Mlinzi amesimama peke yake, kofia mkononi, masikio yale wazi kwa dunia nzima, anatazama mbele. Mkono wa kushoto umeshika sikio.

Nilikaa chini.

Nikazikagua zile nukta. Fundi akichonga nukta yake kwa msumari, kingo zake huwa na mikwaruzo. Hizi zilikuwa laini, zimetoka maabara, zimechapwa pamoja na picha. Maana yake ni kwamba kila nakala ya filamu ile ilikuwa nazo mahali pale pale. Nani alikosea, sijui. Labda mtayarishaji aliagiza riili ifupishwe, nukta zikawekwa, mkanda wenyewe ukasahauliwa. Lakini hapakuwa na aliyekata. Kipande kilikuwepo siku zote, na kila fundi, katika kila mji, aliona nukta ya pili akabadili kama alivyofundishwa. Mashine ya kwanza ilimaliza mkanda wake taa ikiwa imefungwa. Siku ile ya gauni la Jumapili, Mzee Lorenz alivua kofia na kumvutia mwanawe sikio, gizani, nyuma ya kipande cha chuma.

Sikumwambia. Mashimo ya mita zile nane yalikuwa mabaya kuliko mengine yote, na ahadi ile kuvunjika mara ya pili kungekuwa kubaya kuliko kutotolewa kabisa. Nilimwambia Shiro peke yake, na neno moja tu: mlete yule binti.

"Mzee wa Mashine, huyo mama ni barafu. Nitamwambia nini?"

"Mwambie mtunzaji hafanyi kazi Jumapili mchana, mzee hana wa kumsindikiza."

"Yaani nidanganye, na nimetoka church?"

"Kwani Jumapili mchana una shift?"

Akafikiri. "Sina."

"Basi umedanganya wapi?"

Siku ya onyesho, kupitia kile kidirisha cha chumba cha mashine, niliona vichwa vitatu safu ya nne: kirefu chenye masikio, kimoja cha nywele fupi zenye mvi za kwanza, na kilemba cha kanisani cha Shiro, ambaye hakuweza kukaa nyumbani. Fundi Mkuu naye alikuja, ingawa haikuwa zamu yake. Alisema amekuja kulinda mashine.

Riili ya kwanza ikapita. Ya pili ikapita, ikilia kidogo kila utepe ulipoingia mlangoni. Ya tatu nikaishika mimi, na ya nne ikawa tayari kwenye mashine ya pili. Sikuchonga nukta mpya. Mkanda haukuwa wangu. Nilikuwa nimekariri: mlinzi akivua kofia, washa injini. Akiivaa, badili.

Nukta ya kwanza ikatokea. Sikugusa kitu.

"Nukta," akasema Fundi Mkuu.

"Nimeiona."

"Injini!"

"Bado."

Nukta ya pili ikatokea, na mguu wake ukaenda kwenye pedali kwa mazoea ya miaka yake yote. Niliweka wangu juu ya pedali kwanza, akanikanyaga. "Badili, mtu wewe! Utawaachia kitambaa cheusi!"

"Ngoja."

"Nilikwambia nini siku ya kwanza?"

"Nisifikiri. Ngoja."

Mkanda ulikuwa ukitetemeka mlangoni, picha ikirukaruka. Nikaweka kidole pembeni ya mkanda kuusaidia, jambo ambalo hakuna fundi anayepaswa kufanya. Kitambaa hakikuwa cheusi. Mlinzi alikuwa amesimama pale, mchovu, mtu mwenye mke mkali au asiye na mke kabisa, ungeweza kuamini lolote. Akavua kofia. Nikawasha injini. Akatazama mbele. Akavuta sikio mara moja. Akavuta mara ya pili. Kisha akavaa kofia kama mtu anayerudi kazini, nami nikakanyaga pedali.

Fundi Mkuu alikuwa ameondoa mguu wake juu ya wangu, sikumbuki lini. Alivuta kigoda akakaa. Riili ya nne ilipokwisha, akauliza, "Ulijuaje?"

"Nilipitisha vidole."

Akatazama mikono yake. "Mikia mingine mingapi?" akasema. Hakuwa ananiuliza mimi.

Yaliyotokea safu ya nne sikuyaona. Nilikuwa na mashine. Shiro ndiye aliyenisimulia. "Mzee, hata hawakulia. Mimi ndiye nililia, na Kijerumani sijui. Yule mama aliganda hivi. Halafu mzee wake anamuuliza, 'Imekuja? Imekuja?' kwa sababu haoni vizuri, unajua. Mama akasema imekuja. Halafu, sikia sasa, akamwambia koti lako umefunga kifungo vibaya. Akalifungua lote, akaanza kufunga upya, moja moja, mbele ya watu. Miaka yote hiyo, halafu ni kifungo!"

Watu walipokwisha kutoka, nilisikia hatua kwenye ngazi. Hanne alisimama mlangoni akishika skafu yake. Alikuwa na masikio ya baba yake, aliyaficha kwa nywele.

"Unaweza kurudia?" akasema. "Pale tu."

Kanuni zinakataza. Fundi Mkuu alikuwa tayari ameshika mkono wa meza, anaurudisha mkanda. Tukaonyesha mara ya pili, jumba tupu, wao wawili na Shiro. Hanne akapaza sauti kutoka chini: "Tena!" Tukaonyesha mara ya tatu, na safari hii mlinzi alipofika sikio la pili meno yaliutafuna mkanda. Picha ikasimama, ikafanya doa la kahawia katikati, ikayeyuka. Nikazima taa.

"Imeisha?" akauliza mzee kutoka gizani.

"Imeisha, baba," Hanne akamjibu. "Niliona zote mbili."

Aliniomba kipande kimoja, picha moja tu, ile ya sikio. Nilitupa nyingi katika maisha yangu, ungesema moja haina uzito. Nikamwambia hapana, na nikamweleza kwa nini: mimi ni mmoja wa waliomla baba yake. "Basi ziunge," akasema.

Niliunga. Zilipotea picha kumi na moja zilizoungua, na sikukata hata moja zaidi.

Tangu wiki ile Hanne alimleta baba yake kila Jumanne yeye mwenyewe, akiomba ruhusa kazini. Shiro alinilaumu mpaka mwisho: "Mzee wa Mashine, umeniibia Tuesday yangu." Lakini alikuja hivyo hivyo, na chupa ya chai, akakaa safu ya nne. Mzee Lorenz aliishi majira mawili ya baridi baada ya hapo. Kwenye maziko yake Hanne alibana nywele nyuma.

Jumba letu baadaye liliondoa mashine mbili na kuweka moja yenye sinia kubwa, filamu nzima imeungwa mkanda mmoja, hakuna kubadili, hakuna nukta. Fundi Mkuu alistaafu wiki ile ile. Mimi nilikaa miaka michache zaidi nikibonyeza kitufe, kisha nikastaafu pia. Sasa naishi Brooklyn Center, mtaa mmoja na Shiro, na wajukuu zake wananiuliza mambo kwa Kiingereza nami nawajibu kwa Kiswahili, tunaelewana.

Vijana mnaniuliza kazi ilinifunza nini, mtu asiyemaliza hata darasa la tano. Nawaambia jifunzeni kanuni ya kazi yenu mpaka iingie miguuni, kama ilivyoingia mguuni mwa Fundi Mkuu. Bila hiyo, siku ile nisingeweza kubadili kwa wakati. Lakini pitisheni vidole wenyewe hadi mwisho wa mkanda, hata pale mlipoambiwa hakuna kitu. Mimi niliambiwa hivyo Korogwe, nikaamini karibu miaka arobaini.

Makopo yale yalirudishwa yalikotoka. Kabla ya kufunga la tatu niliweka ndani karatasi kwa fundi yeyote atakayelifungua baada yangu, kwa Kiingereza na kwa Kijerumani changu cha bandarini. Sijui kama kuna aliyeisoma. Niliandika: *Riili hii, usifuate nukta. Ngoja mlinzi avae kofia.*